Ghorofa ya Sita Nyepesi

Kazi ya hesabu za jengo ilikuwa imekwisha. Mhandisi alibakiza kutazama tu jedwali la uzito, ghorofa baada ya ghorofa, kama mpishi anayeonja chumvi kabla ya kupakua. Ya kwanza sawa. Ya pili hadi ya tano zilifanana kama ndugu wa tumbo moja. Ya sita ilikuwa nyepesi kama unyoya.

Akapangusa miwani, akatazama tena. Ghorofa ya sita ndiyo yenye matangi ya maji ya hospitali nzima. Akashika kalamu, akazidisha eneo kwa unene wa zege, akajumlisha maji. Jibu lake na la kompyuta hayakujuana hata kwa salamu.

Tetemeko hulisukuma jengo kwa kadiri ya uzito wake. Kama programu haikuuona uzito wa juu, basi nguzo za chini zimepewa nondo chache. Na nguzo hizo zilikuwa zikimwagiwa zege asubuhi hiyohiyo.

Akampigia simu msimamizi wa ujenzi, mume wa dada yake.

"Shemeji, simamisha zege."

"Unasemaje?" Mashine ilinguruma nyuma yake. "Lori limeshafika, shemeji! Mafundi wako juu ya jukwaa."

"Nguzo za chini msizimwagie."

"Una uhakika?"

Mhandisi akawaza. Akikosea, shemeji atapoteza kazi, na dada yake atamtazamaje? Akinyamaza, je?

"Sina," akasema. "Lakini zege likishaganda halisikii samahani."

Akamsikia shemeji akipaza sauti: "Zimeni! Zimeni mashine!"

Mkuu wa ofisi, ambaye wote walimwita Bwana Haraka, akatoka chumbani kwake akifoka. "Nani kasimamisha zege langu?"

"Mimi. Tazama hapa, mzee."

Akatazama. Hasira ikamtoka usoni, ikabaki hofu. Wakatafuta pamoja mpaka wakaona: matangi yalipohamishiwa juu, sakafu ilichorwa upya, lakini mzigo wake haukuwekewa alama ya kuingizwa kwenye hesabu ya tetemeko. Wakaiweka, wakaendesha hesabu upya. Kwenye kioo cha kompyuta, nguzo za chini zikageuka nyekundu, rangi ya kuelemewa, moja baada ya nyingine.

"Waulize wamemwagia nguzo ngapi," Bwana Haraka akanong'ona.

"Moja tu, ya kona," shemeji akajibu simuni.

"Ivunjeni ingali mbichi," mhandisi akamwambia.

"Haya. Leo dada yako atanipikia mawe."

Mchana mhandisi akaenda kuona mwenyewe. Mbao zilikuwa zimefunguliwa, zege limekwanguliwa, na nondo zinaoshwa kwa maji. Shemeji alikuwa na uji wa saruji hadi viwikoni. Alimvika mhandisi kofia ngumu kichwani, akarudi kazini. Mhandisi akaishika nondo moja, ya baridi, nyembamba kuliko alivyodhani. Ndipo alipoketi juu ya rundo la mbao, mbele ya mafundi wote.