Kumuua Inspekta Haskett

Saa tatu asubuhi Roslyn Haverkamp alimuua mwanamume aliyemlisha kwa miaka kumi na saba, kisha akaenda kujimiminia kahawa. Alikuwa amemfungia ndani ya ghala linalowaka, paa likaporomoka, kofia yake ikabaki uani ikifuka moshi. Mwisho.

Marehemu alikuwa Inspekta Haskett, mpelelezi wa televisheni aliyependwa na nusu ya nchi na kuchukiwa na mtu mmoja tu: mwandishi wake. Mkataba ulikuwa mwepesi kusoma, mzito kubeba. Maadamu Haskett anapumua, Roslyn haandiki kitu kingine. Na kule nyumbani, ndani ya droo, chini ya soksi, mchezo wa jukwaani aliouanza kuhusu mama yake, dobi wa mji wa Fresno, ulikuwa ukizidi kupauka.

Gil Ostrander, mtayarishaji wa kipindi, aliingia ofisini mwake na muswada mkononi, mabega yakimtikisika kwa kicheko.

"Roz, mchawi wewe! Nilidhani umeniulia mtu kweli."

"Nimemuua kweli. Mzike."

"Nizike nini, kofia? Maiti iko wapi?"

"Paa limemwangukia, Gil."

"Limeangukia ghala. Nani kaona?" Akagonga kadi ya njano ukutani, yenye mwandiko wa Roslyn mwenyewe: *Asiyeonekana uso hajafa.* "Waandishi vijana wangapi umewaliza humu kwa kadi hii?"

Roslyn hakukusudia. Miaka yote hiyo, kila mara kabla ya matangazo ya biashara, mkono wake ulikuwa ukiacha mlango wazi ili watazamaji warudi. Leo umeuacha bila kumwomba ruhusa.

"Nilisahau."

"Husahau wewe. Msimu wa kumi na nane unapita hapo hapo, mama." Kisha Gil akamtazama vizuri, kicheko kikamkauka. Hakuwa mtu mbaya, na hapo ndipo palipokuwa na taabu. "Haya. Nipe uso wake kabla ya chakula cha mchana, nami nakuachia uende. Neno langu."

Alipotoka, Roslyn aliketi. Kazi ya mistari mitatu, basi. Wazima moto wanainua boriti. Machela inatolewa. *Daktari anafunua blanketi.* Vidole vikaendelea vyenyewe: *Kamera inabaki kwenye macho ya daktari.*

Akausoma mstari huo. Ulikuwa mzuri, mzuri kupindukia: uso wa maiti umefichika tena. Haskett hakuwahi kumuuliza swali asilolijua jibu lake. Yule dobi angemuuliza mengi, na je, kama Roslyn hana la kujibu? Kumbe kufuli lilikuwa upande wake wa mlango.

"Roz!" Gil aliita kutoka ukumbini. "Mkate wako utiwe bata mzinga au samaki?"

"Usinisemeshe! Niko na maiti."

Akaufuta mstari ule mzuri. Akalivuta tena blanketi, polepole, na safari hii hakumtazama daktari. Akaanza na nyusi za Haskett.