Dirisha la Lucille Hollister

Hollywood nzima ilijua kwamba Roslyn Pekar analishwa na wafu, na yeye mwenyewe ndiye aliyekuwa wa kwanza kulisema hilo. Alianzia kwenye jarida la umbeya, akiandika nani kamwacha nani na nani kaonekana mgahawa gani, mpaka alipong'amua kuwa mtu mashuhuri akishazikwa, midomo iliyokuwa imefungwa hufunguka yenyewe. Kitabu chake cha kwanza kilimhusu mwimbaji mmoja aliyeuawa na pombe. Kiligombewa kama mpira wa kona. Watu wa filamu wakaja mbio wakamtaka aandike na skripti. Tangu hapo mambo yakawa ni hayo: kitabu, filamu, kisha maiti mwingine.

Lakini kipaji chake hasa kilikuwa kooni. Akikaa wiki chache na kanda za marehemu, alikuwa akifumbua kinywa anatoka yule mtu mzima mzima, na kikohozi chake, na namna yake ya kumeza maneno. Kwenye karamu watu walimzunguka wakimwomba awaigizie, wakicheka huku nywele zikiwasimama. Naye alisema kuwa hakuna siri, ni masikio tu.

Ndipo Mort Lansky, prodyuza aliyefanya naye kazi kwa miaka mingi, akamletea Wade Hollister. Hakukuwa na Mmarekani asiyemjua Wade, yule mwigizaji wa filamu za wachunga ng'ombe aliyependwa hata na watu wasiopenda farasi. Asubuhi moja nyeupe, isiyo na ukungu wala mvua, alitoka nyumbani kwake mlimani baada ya kifungua kinywa, na gari lake likatumbukia korongoni mita chache chini ya geti. Polisi walisema ajali. Mitaani walisema kajiua. Mort alitaka la mitaani.

"Roz," alimwambia, "hakuna anayekata tiketi kwenda kumwona mtu aliyeteleza."

Tatizo lilikuwa mjane. Lucille Hollister hakuwa amemfungulia mlango mwandishi yeyote tangu mazishi. Roslyn alipopiga simu alitegemea kukatiwa, lakini yule bibi alimsikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza kama ni yeye yule anayesemekana kuwasemesha waliokufa. Roslyn akacheka, akajibu kuwa ni uigizaji tu. Lucille akamwambia aje Jumatatu baada ya chakula cha mchana.

Alikuwa mwanamke mrefu, mkavu, aliyevaa lulu hata akiwa peke yake nyumbani. Alimkaribisha sebuleni kwa kahawa na keki ya ndimu, akajibu maswali kwa adabu ile ya watu wasiotaka kusema kitu. Kanda ya kinasa sauti ilizunguka mezani ikinasa upepo. Mwishowe akaweka kikombe chini.

"Nifanyie sauti yake, binti yangu. Kidogo tu."

Roslyn akamfanyia. Alichagua mzaha ambao Wade alipenda kuwatania nao wapiga picha, kwa ile sauti yake ya kuburura kama mtu anayevua viatu. Lucille alicheka, akafunika uso, na mikono ilipotoka usoni ilikuwa imelowa.

Tangu siku hiyo kila mchana ukawa hivyo. Lucille hakuwa na maneno kwa Roslyn, ila kwa Wade alikuwa nayo tele. Alimlalamikia kuhusu paa, akamkumbusha safari ya Mexico, akamgombeza kwa habari ya yule mwigizaji wa kike mwenye nywele nyekundu ambaye magazeti hayakuwahi kumnusa. Roslyn alijibu kwa sauti ya marehemu, maneno machache, "Ndiyo, mpenzi," na "Najua, najua," huku kinasa sauti kikishiba. Alijua si vizuri. Akijiangalia kwenye kioo cha gari wakati wa kurudi, aliona aibu iliyochanganyika na furaha ya mvuvi aliyejaza nyavu. Kesho yake anarudi tena.

Alhamisi moja Lucille hakuleta keki. Alikaa karibu kuliko kawaida, magoti yao yakikaribia kugusana.

"Wade," alisema, "asubuhi ile, ulidhamiria?"

Roslyn alikuwa amelingoja swali hilo, na jibu lake alikuwa nalo. Angesema breki zilikatika. Angempa bibi wa watu usingizi wake, halafu kitabuni angeandika anavyotaka Mort. Akafumbua kinywa aseme breki.

"Nilikuona dirishani, Lu," akasema. "Umeshika taulo la njano. Ulikuwa unanipungia nirudi, nikageuza gari."

Lucille hakulia. Rangi ilimtoka usoni, akashika ukingo wa kiti. Walikuwa wamegombana mezani asubuhi ile, alieleza baadaye kwa sauti ya chini, kwa upuuzi tu, kuhusu mayai. Wade akatoka kwa hasira. Yeye akaenda dirisha la jikoni, majuto yakamshika, akainua taulo alilokuwa akifutia vyombo akalipunga. Aliamini gari lilikuwa limeshapita. Hakumwambia polisi, wala dada yake, wala padri. Na hilo jina la Lu halikuwahi kutoka nje ya chumba chao cha kulala.

"Basi alikuwa anarudi," alisema. "Na mimi ndiye niliyemwita."

Roslyn alitaka kumwambia kuwa alibahatisha, kwamba waandishi hubahatisha.

"Heri hivyo," Lucille alimalizia. "Heri hivyo kuliko kuachwa. Usije tena, binti yangu."

Nyumbani Roslyn aliirudisha kanda akaisikiliza. Alitegemea kuisikia sauti ya Wade. Hakuwemo. Maneno yale ya taulo na dirisha aliyasema kwa sauti yake mwenyewe ya kila siku, bila kuigiza hata chembe, kama mtu anayekumbuka jambo lililompata. Aliizima mashine, akakaa sakafuni na mgongo wake ukutani.

Kitabu alikiandika, akaishia na kauli ya polisi. Mort alimfuata akitaka skripti yenye mwisho unaoeleweka. Roslyn akakataa bila kutoa sababu, wakarushiana maneno makali, na Mort akamtafuta kijana mwingine aliyeandika kifo kama watu walivyokitaka.

Filamu ilipokamilika Roslyn na Lucille walialikwa kwenye onyesho la mchana studioni. Lucille alikuja na lulu zake, akapita viti vyote vya wakubwa, akaketi kando ya Roslyn bila kumsalimu. Kwenye skrini mtu mzuri aliyevaa kofia ya Wade alifumba macho na kukanyaga mafuta. Nyuma yao mtu akapenga kamasi.

"Hawakumjua," Lucille alinong'ona. Kisha, bila kugeuka, akaushika mkono wa Roslyn. "Bado yuko nawe?"

Roslyn alifikiria kudanganya.

"Yuko, mama."

Lucille akaubana mkono ule, hakuuachia mpaka taa zilipowaka.

Baada ya hapo Roslyn aliandika vitabu vingine, vyote vya watu walio hai, wanaoweza kujisemea. Kwenye karamu walimwomba awaigizie, akasema koo limeharibika. Gari aliliuza. Kila alipokuwa akipanda nalo barabara za mlimani, akifika kwenye kona nyembamba, mikono yake ilianza kuzungusha usukani kurudi alikotoka, na ndani ya kifua chake kulikuwa na haraka ya mtu aliyeitwa. Watu wa Los Angeles walimshangaa, mwanamke mwenye jina kubwa vile, akisubiri basi juani na mfuko wa karatasi. Alikuwa akichagua kiti cha upande wa barabara, mbali na nyumba, ili asione madirisha ya watu.