Dohani za Thorley

Winifred Askew alikuwa amemaliza kuchora waridi na ngazi za mawe, anasuuza brashi ili aanze uwanja wa nyasi, dohani zilipochomoza. Zilikuwa za matofali mekundu. Zilitoka ardhini polepole mbele ya jumba la Bwana Aubrey Lisle, na kabla ya chai ya jioni zote zilikuwa zikifuka moshi. Mtunza bustani alizizunguka na mashine yake ya kukatia nyasi, akaendelea.

Winifred alizichora. Riziki yake ilikuwa kuchora majumba ya wakubwa na bustani zao, na alichora kilichokuwepo.

Hester Budge, dobi wa jumba, alipita na kapu la mashuka, akasimama nyuma yake.

"Ile ya kushoto ya kwetu," alisema. "Mama anakaanga nyama ya nguruwe."

"Palikuwa na nyumba hapa?"

"Kijiji kizima cha Thorley, Bi Askew. Baba yake Bwana alisema tunamharibia mandhari ya dirishani. Wakatubomolea, wakatutupa ng'ambo ya kilima. Mama hakufika. Alifia mkokotenini."

Winifred akaukoleza moshi, kisha akamchora Hester na kapu lake katikati ya uwanja.

Bwana Aubrey alikuja kuitazama picha.

"Nzuri. Sasa ondoa hizo dohani."

"Si zipo, Bwana?"

"Najua zipo. Zinanukia mpaka chumbani kwangu. Ndiyo maana nataka picha isiyo nazo. Paka kijani juu."

Winifred akamnyooshea brashi. "Paka wewe. Mimi nimeshatia jina langu."

Hakuipokea. Jioni hiyo mizigo ya Winifred ilikuwa nje ya geti. Hester akamchukua kwake, na kwa hilo akafukuzwa kazi.

Tangu hapo, kukiwa hakuna mvua, Winifred alichorea kwenye njia ya umma kando ya bustani, na picha akawagawia waliozaliwa pale. Bwana Aubrey akapanda ua wa miti kuwaziba macho. Winifred akatafuta ngazi.

Ua ulistawi. Wageni wa Bwana waligonga mipira yao ya mchezo kati ya dohani, ardhi ikabaki ya Bwana, na geti halikufunguliwa. Hester aliishika ngazi huku akinusa mapishi ya mama yake.

"Bwana anasema ushuke," mtunza bustani aliita kutoka ndani.

"Mwambie bado milango haijachomoza," alijibu Winifred, akachovya brashi.