Kipande cha Ukoo Wetu

Kanisa letu lilijengwa kwa vipande. Kila ukoo ulipewa sehemu yake ya ukuta, ukaijenga kwa mawe na chokaa. Ndiyo maana ukipita nje unaona mawe yakibadilika ghafla: hapa makubwa kama mitungi, pale madogo kama ngumi. Kipande chetu tu ndicho kisichoonyesha mawe. Mawe yake aliyapanga bibi. Alipofariki, mjomba wangu, fundi mwashi, alikipiga plasta ya saruji ndani na nje, laini kama yai, zawadi kwa mama yake. Watu walikisifu sana.

Sasa kilikuwa kimevimba na kuota ukungu, na kamati ilisimama mbele yake, ndani ya kanisa.

"Kinabomolewa Jumatatu," alisema mwenyekiti. "Tunajenga kwa tofali. Wahenga walisema, usipoziba ufa utajenga ukuta."

Nilisomea ujenzi chuoni, lakini mbele za watu ulimi wangu huwa mzito. Nilimtazama mjomba. Ndiye aliyenilea. Nikinyamaza, mawe ya bibi yataishia kwenye kifusi.

"Ukuta huu umeharibika kwa kuzibwa, mwenyekiti," nikasema.

"Kimya kaongea! Jamani, leo itanyesha!" mjumbe mmoja akadakia.

Walicheka. Nikaendelea. "Vipande vya jirani vimekauka, na mvua ni ile ile. Chokaa hupumua. Saruji imefungia maji ndani."

Mjomba alinigeukia taratibu.

"Kwa hiyo mimi ndiye nimeua ukuta wa mama yangu?"

"Haujafa, Mjomba. Naomba nyundo."

Hakunipa. Nikachukua mwenyewe nyundo na tindo kwenye mfuko wake wa vifaa. Pigo la kwanza liliteleza likanichuna vidole. Sikuacha. Hatimaye bamba la plasta likaanguka, maji machafu yakachuruzika, na mawe ya bibi yakatokea: bapa, yamepangwa kama sahani kabatini.

"Sukuma, mwenyekiti."

Alisukuma kwa mkono, kisha kwa bega, mpaka kofia ikamdondoka. Hata jiwe moja halikutikisika.

"Tuubandue wote, ukauke, kisha tuupake chokaa," nikasema.

Aliokota kofia, akaipangusa. "Haya. Nakupa mpaka kiangazi kiishe. Ukuta ukizidi kuvimba, ni tofali, na sitaki machozi."

Waliondoka. Mjomba alibaki, akipapasa jiwe moja kwa kidole gumba. Nilitaka kumwomba radhi, lakini nikarudi kugonga tu.

"Binti, unashika tindo kama kijiko," alisema nyuma yangu. "Utaisha mkono kabla ya ukuta. Lete hapa."

Alipanda juu ya benchi, akaweka tindo pembeni mwa dirisha la tao, mahali plasta yake ilipoanzia, akagonga.

"Kazi niliyoianza juu, naibandua kuanzia juu," akasema. "Wewe kashike ya nje."

Nikatoka kutafuta nyundo nyingine.