Nyumba Iliyo Juu ya Tangi

Kaka mtu alipotangaza kwamba amenunua kiwanja kilimani, jirani kabisa na tangi la maji la mji, ndugu wote walimpongeza isipokuwa dada yake. Dada huyo alikuwa fundi wa idara ya maji, mfunguaji wa koki za mgao, na wenzake kazini walimwita Mama Koki. Hakuwa na kijicho. Alijua tu kwamba kaka yake, mtu mzima na ndevu zake, ameingia mkenge.

"Maji yatanifikia mimi kabla ya mji mzima," kaka alijigamba. Alikuwa muuza matairi, na maneno hayakuwahi kumpungukia.

"Kaka, tangi liko chini ya kiwanja chako."

"Liko pale pale, unaligusa kwa mkono!"

"Karibu, ndiyo. Lakini chini. Maji hayapandi mlima eti kwa sababu wewe ni mkubwa wetu."

"Mtoto wa juzi unifundishe mimi?"

Dada akaenda zake kazini.

Tangi lile lilijengwa enzi ambazo mji wote ulikuwa bondeni, umeizunguka chemchemi ya zamani. Chemchemi ilipozidiwa na watu, wakubwa wa wakati huo walitafuta mahali pa juu ambapo hakuna mwenye akili zake angejenga, wakaweka tangi hapo. Pampu ya mtoni iyapandishe maji, mteremko uyafikishe majumbani. Hesabu yao ilikuwa sawasawa, ila watu ndio hawakuwahesabu. Mji ulifurika ukapanda kilima kama maziwa yanayochemka, ukalipita tangi, na sasa viwanja vya juu yake viligombewa kama njugu, kila mnunuzi akiamini amekaa mlangoni pa maji. Tangi la pili, la juu zaidi, lilikuwa bado linazungumzwa kwenye mikutano.

Kaka akajenga. Alijenga kwa ajili ya mama yao, ambaye tangu afiwe na mumewe aliishi peke yake mtaa wa zamani, bondeni, na jambo hilo lilimuuma kaka kuliko alivyotaka watu wajue. Chumba cha mama alikiwekea bafu lake, bomba la mvua, na kigoda cha kukalia akioga, maana magoti yalikuwa yamemchosha.

Siku ya kuwaonyesha ndugu nyumba, bomba lilikohoa, likatoa hewa, basi. Dada akamshika kaka mkono, akampeleka barazani.

"Litazame tangi. Unaona nini?"

"Naona paa lake."

"Ndiyo hivyo, kaka."

Kaka alilitazama paa lile mpaka ndugu wengine wakaanza kuaga. Dada alimwonea huruma kweli kweli. Walipobaki wawili, kaka alimwomba amuungie kwenye bomba kubwa linalotoka mtoni, na kipampu cha kuvutia juu. Dada alikataa katakata. Bomba hilo ndilo lililojaza tangi, na tangi ndilo lililonywesha bondeni kote.

Wakaachana wamenuniana. Kaka alipata fundi wa vichochoroni, maji yakatoka, mama akahamia. Majirani waliposikia, kilima kizima kikaja kuungia kwake, naye kwa ukarimu wake hakumnyima mtu.

Mgao wa bondeni ukakauka. Dada alifungua koki zake polepole, kama kazi inavyotaka, mabomba makuukuu yasije yakapasuka kwa kishindo cha maji, lakini hakikupita kitu. Wanawake wa mtaa wa zamani walimjia juu.

"Mama Koki, umetuuza?"

Mkubwa wake wa kazi alimkabidhi koleo na msumeno, akamwambia akatafute maji yanapopotelea. Hakuwa na haja ya kutafuta.

Kaka alimkuta nyuma ya nyumba, keshafukua bomba.

"Usinifanyie hivi. Mama yumo ndani."

"Najua."

Dada akakata bomba, akaziba.

Mara mama akatoka, amejifunga taulo, povu kichwani, jicho moja amelifumba.

"Maji yamekatika?"

"Nimeyakata mimi, mama. Yalikuwa ya bondeni."

"Kwani kule hayatoki?"

"Wiki nzima hayajatoka. Jioni hii yatatoka."

Mama aliwatazama wanawe kwa lile jicho moja, mmoja baada ya mwingine. Kaka akawahi kusema.

"Nitakuletea kwa gari, mama. Mapipa. Kila siku. Hutakosa hata tone."

"Utaleta, mwanangu. Wewe nakujua." Alimpapasa shavu kwa kiganja chenye sabuni. "Lakini wale wa kule ni majirani zangu, na mimi nilikuwa naoga maji yao. Nirudishe nikasuuze kichwa kwangu."

Kaka akaingia ndani kumtafutia mama viatu, akarudi, akapiga magoti na kumvalisha.