Jina Nililomnong'oneza Ragnhild

Wapo watu hapa Kopenhagen ambao hadi leo huniuliza kama ni kweli nilifanya kazi ya kunong'oneza maneno kwenye filamu zisizo na sauti. Huuliza huku wameshaanza kucheka. Nami huwajibu: ndiyo, kweli, chekeni mpaka mtosheke.

Miaka kumi na moja nilikaa kwenye shimo la mbele ya jukwaa, kichwa usawa wa viatu vya waigizaji, kitabu cha mchezo mapajani. Mwigizaji akisahau neno, namnong'oneza. Watazamaji hawanioni wala hawanisikii, na wakinisikia nimeharibu kazi. Nyota wa ukumbi wetu alikuwa Ragnhild Thorsager. Alijaliwa sauti ya kuwanyamazisha wauza samaki wa soko la Gammel Strand, na kichwa kisichoshika mistari mitatu. Kwa hiyo alinihitaji kuliko wenzake wote, na aliniita Panya.

"Panya wangu, leo usilale humo shimoni," alikuwa akiniambia. "Nikikwama mbele za watu nakuja kukuvuta mkia."

Jambo moja nililijua mimi peke yangu. Ragnhild alikuwa amezaa mtoto nje ya ndoa, Thea, akampeleka kulelewa na wakulima huko Thy. Thea alikufa kwa dondakoo akiwa na miaka minne. Barua ilifika saa moja kabla hatujafungua mchezo wa kuchekesha, na Ragnhild akanionyesha mimi kwa kuwa ndiye niliyekuwa karibu. Akapanda jukwaani hivyo hivyo. Hakukumbuka hata neno moja. Nilimpa mchezo mzima, mstari baada ya mstari, naye akaurudia, na watu wakavunjika mbavu. Tulipomaliza aliniapisha nisilitaje tena jina lile maishani, hata tukiwa wawili tu. Nikaapa.

Mwaka 1913 watu wa filamu wakamjia. Pale ukumbini walimcheka: sauti yote hiyo, unakwenda kuwa bubu? Akaenda, kwa sharti moja, kwamba na mimi niende.

Studio ilikuwa Valby, jumba la vioo vitupu ili jua liingie. Mwongozaji wetu, Bwana Bruunsgaard, alinikuta siku ya kwanza nimepiga magoti chini ya kamera na kitabu changu.

"Huyu mama anatafuta nini hapo chini? Ameangusha sindano?"

"Ananipa maneno," Ragnhild akasema.

"Maneno ya nini, wewe? Nani atakusikia? Sema chochote! Taja bei ya viazi!"

"Nikitaja bei ya viazi, nitakuwa na uso wa mnunua viazi. Panya anabaki, au tunaondoka wote."

Nikabaki. Lakini kila wiki Bruunsgaard alinitazama kama kiti kilichowekwa njiani.

Filamu yenyewe ilimhusu dobi ambaye mwanawe anatumbukia bandarini. Miisho ilikuwa miwili, kama ilivyokuwa desturi. Sisi wa hapa nyumbani tulipewa harusi: ofisa wa jeshi la maji anamwopoa mtoto, kisha anamwoa mama. Warusi, ambao wanunuzi wao walilalamika wasipolizwa, walipewa kifo: mtoto anazama, na mama anabaki na kiatu chake mkononi. Harusi tuliimaliza asubuhi moja. Kifo kilitutoa jasho siku tatu, maana Ragnhild alilia kwa mikono miwili juu, kilio cha kufika viti vya nyuma kabisa.

"Mwanao amekufa na wewe unasimamisha tramu," Bruunsgaard alimwambia.

Siku ya tatu, mchana, alinifuata nikiwa nimekaa juu ya sanduku na mkate wangu mweusi na samaki wa chumvi.

"Bi Mose, wewe unamjua zamani. Hakosi kidonda huyu. Kiguse. Ukinipatia uso ninaoutaka, hapa hakuna atakayekuuliza tena unafanya kazi gani. Ukishindwa, Jumatatu usijisumbue kuja."

Ningependa kusema kwamba nilikosa usingizi kwa mawazo. Sikufikiri hata kidogo. Nilikuwa na miaka hamsini na mbili, shimo langu la ukumbini lilishapata mtu mwingine, na zaidi ya hayo, na hili ndilo linalonichoma, nilitamani mara moja tu watu waone kitu kilichotoka kinywani mwangu.

Kamera ikaanza kuzungushwa. Ragnhild alikuwa magotini na kiatu kile, akisubiri mstari wake. Nikanong'ona, "Thea."

Akaganda.

"Thea alikuita, Ragnhild. Siku ile ya mwisho alikuita wewe."

Mikono haikupanda juu. Hakulia. Mdomo ulifunguka kidogo ukabaki hivyo, kisha akakileta kiatu puani polepole, akakinusa. Mzungusha kamera alisahau kusimama. Bruunsgaard mwenyewe alikuwa analia, makamasi yanamtoka, akapiga makofi, na wote wakapiga.

Ragnhild akainuka, akaja, akainama mbele yangu.

"Ni kweli?"

"Nini?"

"Kwamba aliniita."

Ningeweza kusema ndiyo. Hata huruma ya kumdanganya mara ya pili sikuwa nayo.

"Sijui," nikasema. "Nimetunga."

"Umetunga vizuri, Bi Mose," akasema, akaenda kunawa rangi usoni.

Jumatatu bawabu alinizuia getini. Bi Thorsager, alisema, hahitaji tena kupewa maneno.

Harusi niliitazama katika sinema ya mtaa wa Vesterbro, na wanawake walimshangilia yule ofisa mpaka nikatoka nje. Kifo kilifungwa kwenye kreti kiende Petersburg. Kabla hakijasafirishwa vita vikazuka, njia zikafungwa, na nilisikia baadaye kwamba mkanda uliuzwa ukayeyushwa kutengenezea vitana. Uso ule niliovunjia kiapo waliuona watu sita, nami nikiwa mmojawapo.

Baada ya vita filamu zetu zilidorora, na mwaka 1921 Ragnhild akarudi jukwaani, safari hii Aarhus. Nilipanda treni nikakaa safu ya tatu. Ulikuwa mchezo wetu wa zamani ambao naujua wote kwa moyo. Katika sehemu ya pili yeye, mjane, anampakulia mwanawe anayeondoka, halafu anasema: "Kaa kidogo, mwanangu, supu bado ya moto."

Alipofika hapo akakwama. Kutoka shimoni nilisikia karatasi zikipekuliwa. Binti wa watu aliyenong'oneza humo alikuwa amepoteza ukurasa. Midomo yangu ikasogea yenyewe. Nikanong'ona, mnong'ono wangu ule ule wa miaka kumi na moja, unaomfikia yeye tu: "Kaa kidogo, mwanangu."

Akasikia. Macho yake yalikuja moja kwa moja safu ya tatu, yakanikuta.

Nikarudia. Maneno alikuwa nayo sasa, kilichobaki ni kuyasema. Akaweka upawa mezani, akafumba mdomo, akasimama ananitazama. Watu wakaanza kukohoa. Wakaanza kucheka. Mwanamume mmoja akapaza sauti kutoka juu, "Mama, amka, hii siyo filamu!" na ukumbi mzima ukaangua kicheko, mpaka pazia likashushwa mbele yake, naye mdomo bado ameufumba.