Apudeti ya Sabiri

Simu yangu ya tachi nilimpa mdogo wangu Sabiri kwa mikono yangu miwili, na nauli nikampa juu. Hilo ndilo linaloniuma mpaka leo.

Ndani yake mlikuwa na sauti ya baba yetu, Mzee Mhina. Wiki mbili kabla hajafariki alituita mimi na Sabiri kibarazani hapa Sindeni, akaniambia nirekodi. Akalitaja shamba la bondeni mpaka kwa mpaka, lile ninalolima mihogo mwaka wa kumi na moja sasa, akasema amenipa mimi, Mwaija, akiwa na akili zake timamu. Kuandika hakuweza tena. Mkono ulishakufa ganzi.

Kwetu sauti ya marehemu haifunguliwi mbele za watu kabla ya arobaini. Basi nikaitunza. Lakini simu yenyewe ilikuwa ya miaka minane, inakwama hata ukitaka kupokea salamu tu.

"Dada, hii inataka apudeti, iwekewe programu mpya," Sabiri akaniambia. "Nipe niende nayo Korogwe, isije ikatuaibisha siku ya arobaini."

Akarudi baada ya siku mbili, uso chini. Apudeti imefuta sauti, akasema, fundi kasema ndivyo zinavyofanya. Nililia, halafu mjinga mimi nikambembeleza yeye! Picha zangu za wajukuu zilikuwepo zote, hata moja haikupungua. Nikashukuru Mungu kwa hizo.

Zikiwa zimebaki siku tatu kufika arobaini nilikwenda Korogwe kununua mchele wa shughuli. Nilipokwisha kuununua nikapita nao kwa Grasiana, fundi simu pale karibu na stendi, nikamuuliza kama sauti iliyofutwa na apudeti inaweza kurudi. Akabonyeza, akakunja uso, akanigeuzia kioo.

"Mama, simu hii haijapata apudeti tangu mwaka elfu mbili na kumi na tisa. Imezeeka, waliotengeneza walishaacha kuiletea."

"Sasa sauti imekwenda wapi?"

"Kuna mtu kaifuta. Tena kaifuata mpaka kwenye kapu la taka la simu, zinakokaa zilizofutwa, akaifuta na huko." Akanirudishia simu taratibu. "Hairudi, mama. Pole."

Mchele niliusahau kwake, ikabidi nirudi kuuchukua.

Siku ya arobaini, dua ilipokwisha na watu wa mbali kuondoka, baba mdogo Hashim akaanza habari ya mashamba. Nikasema la bondeni baba alinipa. Akauliza shahidi ni nani.

Simu ilikuwa mkononi mwangu. Sikumtaja Grasiana, wala kapu la taka. Nilikuwa na hasira ya kuivunja simu ile kwenye paji la uso wa mtu, lakini nilitaka kwanza nimpe nafasi ya kusema kweli.

"Neno la mwisho la baba kwenye ile sauti lilikuwa hili," nikasema. "Wakibisha, muulizeni Sabiri. Huyo hawezi kuniangusha."

Wote wakamgeukia. Sabiri akaitazama simu, hakunitazama mimi.

"Ilipigwa apudeti," akasema.

"Sikuulizi habari ya simu," baba mdogo akamwambia. "Wewe ulikuwepo. Kaka yangu alisema nini?"

Sabiri alikuwa amekaa kwenye kiti cha baba.

"Sikumbuki," akasema.